Machungwa Kinuni, Mulwa Juani

Watu wa Ziwani, mtaa wetu hapa Nairobi, wanapenda kusema kwamba mimi Nthenya nilimponya mume wangu kwa kelele. Uongo mtupu. Kelele nilipiga, sikatai, nimezaliwa na sauti na simwombi mtu radhi kwa hilo. Lakini Mulwa alipona kwa sindano za daktari, mafuta ya samaki, jua na juisi, na katika hayo yote juisi ndiyo iliyokaribia kutushinda. Ebu nyamazeni niwaeleze vizuri, maana kila nikikumbuka mwili unanisisimka.

Mulwa alikuwa dereva wa lori. Si pikapu, si gari la kupeleka mikate madukani, la. Lori kubwa la kampuni moja ya uchukuzi pale Industrial Area, lile ambalo ukitaka kuingia unashika chuma kando ya mlango, unaweka mguu kwenye kidato cha chini, unajivuta, unapanda cha pili, ndipo unaingia ukakaa. Mulwa alikuwa akilirukia lori hilo huku anapiga mluzi. Halafu anatoa mkono wa kulia nje ya dirisha, na mkono huo unabaki hukohuko nje hadi Mombasa, ukichomwa na jua njia nzima. Kwa hiyo mume wangu alikuwa na mikono ya rangi mbili. Wa kushoto maji ya kunde, wa kulia mweusi tititi.

"Baba Nthambi," nilikuwa nikimwambia, "huu mkono wa kulia uliuazima kwa nani?"

"Huu ndio unaokulisha," ananijibu. "Utukane ule mwingine."

Basi mwaka wa 1983 tumbo likamshika. Si tumbo la kula kitu kibaya, hapana. Tumbo la kuamka usiku na kukimbilia choo cha pamoja, tumbo la damu, mtu anakonda mpaka suruali anaifunga na kamba. Hospitalini wakasema utumbo wake umevimba ndani na una vidonda, ugonjwa wenye jina refu la Kizungu ambalo nilijaribu kulitamka mara moja nikaachana nalo. Wakampa dawa. Tumbo likatulia kiasi, tukamshukuru Mungu.

Lakini kumbe bado. Tumbo lilipotulia, miguu ikaanza. Akikaa kwenye kigoda hawezi kusimama mpaka ajisukume magotini kwa mikono yote miwili. Mapaja hayana nguvu, nyonga zinauma, mbavu zinauma ukimgusa. Akitembea anayumba huku na huku kama bata. Mwanamume wa miaka thelathini na minane! Nilikuwa namtazama akivuka ua kwenda chooni, nageuza uso nisilie.

Siku moja mwezi wa Juni, baada ya miezi ya kulala nyumbani, akarudi kazini, akashika chuma cha lori, akaweka mguu kwenye kidato, akajivuta. Mwili ukakataa. Akabaki ananing'inia pale, madereva wenzake wanatazama, hakuna anayecheka, na hilo ndilo lililomuuma zaidi. Msimamizi wao, Kabiru, akamshusha kwa mikono yake mwenyewe.

"Mulwa," Kabiru akamwambia, "hapa kila mtu anakupenda, lakini lori halipandwi kwa kupendwa. Nenda ujitibu. Mwisho wa Agosti uje. Ukipanda mwenyewe, bila mtu kukushika, ufunguo ni wako. Usipoweza, Johnson anayelishikilia sasa analichukua moja kwa moja. Mzigo hauwezi kungoja."

Mume wangu akaja nyumbani, akakaa kitandani, akatazama ukuta. Nilimpa chai, ikapoa. Nilimpa chakula, akasema ameshiba, na hakuwa amekula kitu tangu asubuhi. Mwishowe akaniuliza kwa sauti ndogo, "Nthenya, nisipokuwa dereva, mimi ni nani?"

Moyo ulinipasuka. Nilimwambia, "Wewe ni baba Nthambi, na utapanda hilo lori hata kama nitakusukuma na kichwa changu." Lakini nilikuwa naogopa, nawaambia kweli. Mulwa nje ya lori ni mtu nisiyemjua.

Nikaanza kumtunza. Kwetu mgonjwa hutunzwa ndani. Ilikuwa Juni, Nairobi baridi na mawingu, upepo unapita katikati ya nyumba unakata mifupa. Nikafunga dirisha. Nikashusha pazia zito, lile la harusi yetu. Nikampa blanketi mbili na sweta ya shingo ndefu, na nikamkataza kukaa nje, maana ua wetu una macho mengi na midomo mingi zaidi. Akitoka ni kwenda chooni tu, na hata hapo amejifunika koti. Nilimlinda mtu wangu vilivyo. Naye akazidi kudhoofika.

Julai ilipoanza tukarudi hospitalini. Tulipata daktari mpya, Daktari Apondi, mwanamke mdogo wa umbo mwenye sauti ya chini kiasi kwamba lazima unyamaze ndipo umsikie. Alimbonyeza Mulwa mfupa wa mguu kwa kidole gumba, kidogo tu, Mulwa akaruka. Akamwambia asimame kutoka kitini bila kushika kitu. Hakuweza. Akamtoa damu, akampiga picha za mifupa, tukarudi tena baada ya wiki, ndipo akatuambia.

"Amepungukiwa sana na vitamini D. Mifupa imekuwa laini, misuli imelegea."

"Hiyo vitamini inatoka wapi?" nikauliza.

"Sehemu kubwa kwenye jua."

Hapo nikapandwa na hasira. Sikulala usiku kucha, nimebeba mgonjwa wangu toka Ziwani, halafu mtu ananiambia habari ya jua! "Daktari," nikasema, "nisamehe, lakini sisi tuko Nairobi. Jua lote hili lililotanda Afrika, mume wangu alikosa lipi? Wazungu ndio wanakosa jua. Mwangalie alivyo mweusi!"

Daktari Apondi hakukasirika. Akaniuliza kwa sauti ileile ya chini, "Mchana anakaa wapi, mama?"

Nikamtazama Mulwa, aliyejifunika koti hata humo ndani. 

"Ndani," Mulwa akajibu. "Na pazia."

Daktari akatueleza polepole. Akasema vitamini hiyo husafiri pamoja na mafuta ya chakula, na utumbo wenye ugonjwa kama wa Mulwa hauvuti mafuta vizuri, kwa hiyo hata akila namna gani kingi kinapita tu. Wagonjwa wengi wa utumbo hupatwa na hali hiyo. Ngozi nyeusi nayo huhitaji jua zaidi kuliko nyeupe. "Jua ndilo linaloweza kuziba pengo," akasema, "na sasa hata hilo hapati."

Mulwa alikuwa anaitazama mikono yake. Ameiweka magotini, yote miwili, na mimi nami nikaitazama, na hapo ndipo nilipoona kitu ambacho sikuwa nimekiona. Mikono ilikuwa rangi moja.

"Daktari," Mulwa akasema, na sauti yake ilikuwa imebadilika, ina uhai, "unataka kusema lori ndilo lililokuwa linanipa jua? Kupitia huu mkono?"

"Mkono na uso. Ndiyo, huenda lilikusaidia sana."

Aiya! Mume wangu alicheka! Nilikuwa sijasikia kicheko hicho tangu Pasaka. Alicheka huku ameshika mbavu kwa sababu zinamuuma, anasema, "Nthenya, umesikia? Lori ni dawa!" Nami nilitaka kucheka na nilitaka kumpiga mtu, sijui nani.

Daktari akampa sindano palepale. Halafu akaagiza mambo mawili. La kwanza, jua kila siku mchana, mikono wazi, miguu wazi, mgongo wazi, na si nyuma ya kioo cha dirisha. La pili, mafuta ya samaki, kijiko kila asubuhi. "Yana ladha mbaya," akasema. "Akishindwa kuyameza, mchanganyie na juisi ya machungwa. Usitie sukari nyingi, itamsumbua tumbo."

Nilirudi Ziwani nikang'oa pazia lile. Nililing'oa na waya wake na misumari yake. Mulwa akasema ningelifungua tu, inatosha. Sikumsikiliza.

Sasa mafuta ya samaki. Wewe umewahi kuyaonja? Mulwa ni Mkamba wa Mbooni, kwao samaki ni kitu cha kusikia. Kijiko cha kwanza kilirudi kabla sijaondoa kijiko mdomoni. Cha pili nikamtilia kwenye chai, chai ikarudi. Nikajua ni juisi au hakuna kitu. Nikampelekea habari kaka yangu Mativo kule Makueni, akanitumia gunia la machungwa kwa basi, machungwa mengine ya kijani bado, lakini machungwa.

Nyinyi mngefanya nini? Nami nilifanya kama tunavyofanya kwetu. Kwetu chakula ni kinu. Nilikuja Nairobi na kinu cha mama yangu kichwani, natwangia muthokoi humo kila wiki, yale mahindi yetu yaliyotolewa ganda, na ua mzima unajua siku ya kutwanga kwa sababu kuta zinatetemeka. Basi nikatia machungwa kinuni. Mazima. Na maganda yake, na weupe wake, na mbegu zake, maana niliwaza, nguvu ya kitu iko kwenye ganda, na mgonjwa anahitaji nguvu. Nikatwanga twa! twa! twa! mpaka yakawa uji. Nikachuja, nikaweka kwenye jagi tangu jioni ili asubuhi isinikute na kazi.

Asubuhi nikamimina glasi, nikatia mafuta, nikakoroga. Mulwa akafumba macho, akapiga funda moja.

Nyamazeni niwaambie jinsi uso ule ulivyojikunja.

"Mama Nthambi," akasema alipopata pumzi, "hii ni juisi au mwarobaini?"

"Kunywa! Ni dawa!"

"Mafuta ya samaki peke yake yalikuwa na huruma kuliko hii."

Nikaonja. Chungu! Si uchungu wa kupita, ni ule unaokaa nyuma ya ulimi unakungoja umeze mate. Nikaongeza sukari, ikawa tamu na chungu kwa pamoja, na nikaongeza tena, mpaka tumbo lake likaanza kukimbia na nikakumbuka maneno ya daktari. Nikachemsha nikidhani moto utaua uchungu. Ukazidi! Kila siku natwanga, kila siku Mulwa anajaribu, anajaribu kwelikweli masikini, machozi yanamtoka, na kila siku mafuta yanaishia sakafuni. Julai ikawa inakwisha hivyohivyo.

Na jua nalo, mnajua Nairobi Julai. Wingu limelala juu ya mji wiki nzima. Nilikuwa namtoa Mulwa nje amevaa kaptura na singlendi, anatetemeka, anangoja. Aibu niliyokuwa nimeiogopa ikaja kweli: watu wakatazama. Lakini jirani yangu wa ukuta kwa ukuta, Njoki, ambaye tunamwita Mama Waithera, akauliza kwa sauti ua mzima usikie, "Huyu tunamwanika au vipi?" nami nikamweleza kwa sauti ileile. Tangu siku hiyo likawa jambo la watu wote. Wingu likipasuka tu, unasikia mtu anapiga kelele toka bombani, "Jua! Mulwa, jua!" na wanaume wawili wanambeba juujuu na kigoda chake, wanamkimbiza penye mwanga. Likihama kwenda upande wa vyoo, naye anahamishwa. Siku moja walimpeleka mpaka barabarani wakimfuata jua, wanacheka, naye juu ya kigoda anawaelekeza, "Kata kushoto! Punguza mwendo, kuna kona!"

Lakini juisi. Juisi ilinitia wazimu.

Jumamosi moja nilikuwa natwanga muthokoi, na hasira yote ya wiki naimalizia kwenye mahindi. Mama Waithera akatoka ameshika kiuno.

"Mama Nthambi, mtoto wangu amelala. Nyumba inaruka. Huchoki?"

"Nina mgonjwa!" nikamwambia. "Nawe badala ya kulalamika ungekuja uonje hii juisi uniambie ina nini!" Nikamtilia kikombe cha ile ya kinuni.

Akaonja. Akatema pale pale chini, karibu na miguu yangu. "Ngai! Mama Nthambi, unataka kuua mtu wa watu?"

"Hiyo ni nguvu ya ganda!"

Aliinama akatazama ungo wangu. Nilikuwa nimeshapeta, mahindi meupe upande mmoja, maganda upande mwingine yakingoja kutupwa.

"Na hayo?" akauliza.

"Hayo ni maganda ya mahindi, kwani huoni?"

"Mbona huyapiki?"

"Nani anakula maganda?" nikafoka. "Nimekesha natwanga ili ganda litoke! Muthokoi wenye ganda unakwaruza koo, wa kwetu wangenicheka mpaka nizikwe!"

"Aha," akasema Mama Waithera. "Kwa hiyo mahindi unayavua ngozi, machungwa unayaacha na koti." Akageuka akaenda zake, kandambili zikimpiga visigino.

Nilibaki nimesimama na mchi hewani. Halafu nikaangusha mchi. Nikachukua chungwa na kisu, nikakaa palepale chini. Nikatoa ganda, nikaonja ganda: chungu. Nikakwangua ule weupe wa ndani, nikautafuna: chungu, uchungu uleule wa nyuma ya ulimi! Nikapasua mbegu kwa meno. Mama yangu! Mbegu ndiyo ilikuwa baba yao wote. Halafu nikaonja nyama yake peke yake. Tamu.

Nilipiga yowe. Watu wakatoka wakidhani Mulwa amekufa. "Ni mbegu!" nikawaambia. "Ni mbegu na ule weupe! Nimekuwa nikimtwangia uchungu kwa mikono yangu!" Mulwa juu ya kigoda chake akasema, "Mimi nilikuwa nalisema hilo tangu mwanzo, ila sikuwa na ulimi wa kusemea."

Jioni hiyo nikavua machungwa koti, nikayavua hata ule weupe, nikapasua kila kipande nikatoa mbegu, nikakamua kwa mkono ndani ya kitambaa safi, polepole, bila kukaza sana. Nikaonja. Asali! Nikafunika jagi, nikalala nikiwa nacheka peke yangu.

Asubuhi ilikuwa chungu tena.

Si kama ile ya kwanza, lakini ulimi wa mgonjwa haudanganywi. Nilitaka kulia. Nilitaka kurusha jagi ukutani. Mulwa ndiye aliyesema, "Jana ulisema ni tamu. Nani ameingia usiku akatia uchungu?" Alisema kwa mzaha, lakini mimi nikalishika. Nikakamua nyingine palepale, bichi, nikaionja: tamu. Nikaigawa vikombe viwili. Kimoja nikanywa, kingine nikakiacha mezani, na jioni nikamwita Mama Waithera aonje bila kumwambia kitu. Akakunja pua. "Hii inaanza kuchacha? Hapana, ni uchungu." Nikarukaruka. Juisi ikikaa inageuka chungu yenyewe! Hakuna mtu aliyeingia usiku, ni mimi na uvivu wangu wa kukamua jioni.

Basi ikawa hivi. Machungwa ya kijani nikayafukia kwenye pumba yaive kwanza. Asubuhi namkamulia palepale, na mwisho natia chumvi, chembe tu unazoshika kwa vidole viwili, kama tunavyofanya na embe bichi, na ule uchungu mdogo uliobaki ukanyamaza. Natia kwenye chupa pamoja na mafuta ya samaki, nafunga, natikisa kwa nguvu zangu zote mpaka mafuta yapotee, nampa kabla hayajarudi juu.

Siku ya kwanza ya hiyo juisi, watu wa ua walikuwa wamejipanga mlangoni. Mulwa akapokea, akafumba macho kwa mazoea, akanywa. Tukangoja. Koo lake likashuka, likapanda. Hakuna kilichorudi. Akafungua jicho moja.

"Ongeza," akasema.

Nilipiga vigelegele mpaka nyumba ya nne wakajibu! Mama Waithera alinikumbatia na mikono yake ya sabuni. Nililia pia, sikuona haya. Kijiko kimeingia na kimekaa, na kesho yake kikakaa tena.

Agosti ikaja na jua likaanza kutokeza. Asubuhi juisi na mafuta, mchana jua mgongoni, Jumatano kliniki ya Daktari Apondi kwa sindano. Kwanza maumivu ya mbavu yakapungua, akawa analala. Halafu siku moja namwona amesimama kuchukua gazeti kwa jirani, nikamwambia, "Baba Nthambi, umesimamaje?" Akajitazama. Hakuwa ameshika magoti. Tukatazamana kama wezi, tukaogopa hata kusema.

Akaanza mazoezi kwenye kinu changu. Ndiyo, kinu! Anakipindua, anakiegemeza ukutani, anapanda juu yake kwa mguu mmoja, anashuka. Mwanzoni alikuwa anashika dirisha. Nilimgombeza kwamba ni kinu cha mama yangu na si ngazi, lakini kila akipanda nilikuwa nasimama nyuma yake nimekinga mikono.

Siku yenyewe ikafika. Nilikataa kubaki nyumbani. Nilibeba machungwa, kisu, kitambaa, chumvi na chupa ya mafuta kwenye kikapu, nikamkamulia langoni mwa kampuni, nikatikisa mbele ya askari wa lango aliyekodoa macho, Mulwa akanywa. Mama Waithera naye akaja, ati anapita tu kwenda Mukuru kumwona dada yake. Mukuru gani wa asubuhi hiyo.

Lori lilikuwa katikati ya uwanja. Johnson alikuwa amelileta, akashuka, akamwachia Mulwa mlango wazi. Ni mtu mwema Johnson, alisema, "Sasa mzee, naweza kukupa bega kidogo tu?" Mulwa akatikisa kichwa. Kabiru alisimama na ufunguo mkononi. Madereva wote walikuwa wameacha kazi.

Mulwa akashika chuma. Akaweka mguu kwenye kidato. Akajivuta, akapanda kidogo, na mguu ukateleza. Akarudi chini, vumbi likaruka. Niliona mgongo wake unataka kukata tamaa, naujua mgongo huo.

"Baba Nthambi!" nikapiga kelele, na hapo sasa ni kweli nilipiga kelele, wa Ziwani wako sahihi hapo. "Ni kinu tu hicho! Panda!"

Akanigeukia. Akacheka. Akashika chuma tena, akaweka mguu, akajivuta, na safari hii paja lilisimama kama paja. Kidato cha pili. Akaingia. Akakaa!

Sijui nani alianza, lakini uwanja mzima ulilipuka, watu wanapiga mabati, wanapiga magurudumu, Mama Waithera amerusha kandambili juu, Kabiru anajipangusa macho kwa kiganja na kudai ni vumbi. Akanyoosha mkono akampa ufunguo. Lori likanguruma, moshi mweusi ukatufunika wote, na mimi nikiwa naruka na kikapu changu, machungwa yakimwagika chini.

Mulwa akateremsha kioo. Akatoa mkono wa kulia nje ya dirisha, akauning'iniza pale palipo mahali pake. Jua la asubuhi likaupiga. Nikautazama, nikautazama tena, halafu nikamwambia atoe na ule mwingine nione. Akashangaa, lakini akautoa, akailaza yote miwili juu ya mlango.

Ilikuwa imeiva yote miwili kwa jua la ua, rangi moja.

"Rudisha huo wa kushoto ndani," nikamwambia. "Huu uache nje mpaka Mombasa."